Jukwaa la Maji: Annette Kellerman na Ubunifu wa Miondoko kati ya Kuogelea na Dansi, 1902–1952

Ikisiri

Makala haya yanachunguza kazi ya Annette Kellerman (1886–1975), mwogeleaji wa Australia aliyegeuka kuwa msanii wa jukwaa na filamu, kama sehemu ya historia ya ubunifu wa miondoko. Maandishi mengi yanamkumbuka kwa vazi lake la kuogelea na kwa madai ya kukamatwa kwake ufukweni. Makala yanajenga hoja kwamba kumbukumbu hiyo imefunika mchango wake wa msingi, yaani kuunganisha kuogelea, kupiga mbizi na dansi katika onyesho moja lenye mpangilio. Aidha, yanaonyesha kuwa mchango huo ulififia kwa sababu haukuandikwa, tofauti na kazi ya Katharine Curtis, iliyoingia vitabuni na hatimaye katika kanuni za michezo.

1.0 Utangulizi

Historia ya kuogelea kwa sanaa huandikwa mara nyingi kwa kufuata ngazi za michezo. Huanza na maonyesho ya mapema, hupitia mashindano ya kwanza ya vyuo nchini Marekani mwaka 1939, kisha maonyesho yaliyofanyika katika Olimpiki ya Helsinki mwaka 1952, mashindano ya kwanza ya dunia mjini Belgrade mwaka 1973, na hufikia kilele chake katika Olimpiki ya Los Angeles mwaka 1984. Katika masimulizi ya namna hii, wasanii wa jukwaani waliotangulia huonekana kama utangulizi tu. Hutajwa katika aya moja, kisha huachwa pale mchezo wenyewe unapopata waamuzi na medali.

Mkabala huo una kasoro mbili. Kwanza, unachukulia kwamba lengo la sanaa ya majini lilikuwa kuwa mchezo, ilhali waasisi wake wengi walifanya kazi katika kumbi za burudani, mbele ya watazamaji waliolipa kiingilio. Pili, unawanyima waasisi hao nafasi katika historia ya dansi, kwa kuwa wanahistoria wa dansi nao huwaachia wenzao wa michezo. Matokeo yake ni kwamba msanii aliyefanya kazi katikati ya fani hizo mbili hukosa makao katika zote mbili. Kellerman ni mfano wa wazi wa hali hiyo. Swali linaloongoza makala haya ni hili: je, kazi yake ilikuwa ubunifu wa miondoko kwa maana kamili ya neno hilo, na ikiwa ndivyo, kwa nini haikurithishwa kwa jina lake?

2.0 Istilahi na Mkabala

Istilahi "ubunifu wa miondoko" inatumika hapa kwa maana ya koreografia, yaani kazi ya kuchagua miondoko ya mwili, kuipanga katika mfuatano, na kuioanisha na nafasi, wakati na muziki ili mtazamaji aione kama umbo moja. Maana hiyo haidai kwamba miondoko ifanyike juu ya sakafu. Inadai mpangilio unaokusudiwa.

Lugha ya Kiswahili inatoa msaada wa kinadharia katika jambo hili. Kitenzi "kucheza" hubeba mpira, ngoma na maigizo bila kubagua. Mtu hucheza mpira, hucheza ngoma, na hucheza nafasi ya mfalme katika tamthilia. Nalo neno "ngoma" hujumuisha chombo, mdundo, dansi na tukio lenyewe linalowakusanya watu. Hivyo, mpaka kati ya mchezo na dansi ambao taasisi za Ulaya na Marekani ziliuchora katika karne ya 20 haupaswi kuchukuliwa kuwa wa kimaumbile. Ni mpaka wa kitaasisi wenye historia yake, na historia hiyo inaweza kuchunguzwa.

Neno jingine linalohitaji uangalifu ni "nguva". Katika pwani ya Afrika Mashariki, nguva ni mnyama halisi wa baharini, na wakati huohuo ni jina la kiumbe wa simulizi, nusu mwanamke na nusu samaki. Katika makala haya linatumika kwa maana hiyo ya pili, kwa kuwa umbo hilo lilikuwa vazi la kazi la Kellerman kwa miongo kadhaa.

3.0 Kutoka Bwawani hadi Jukwaani, 1886–1905

Annette Kellermann, ambaye baadaye aliondoa herufi moja ya mwisho katika jina lake, alizaliwa Sydney mwaka 1886. Baba yake alikuwa mpiga fidla, na mama yake, Alice Charbonnet, alikuwa mpiga piano mwenye asili ya Ufaransa na mwalimu wa muziki. Utotoni miguu yake ilikuwa dhaifu kiasi cha kuhitaji vyuma vya kuinyoosha. Wazazi walimpeleka kujifunza kuogelea ili aimarike, na alipofikia ujana miguu yake ilikuwa imepata nguvu.

Mambo haya mawili, muziki wa nyumbani na udhaifu wa miguu, hutajwa katika wasifu wake kama visa vya kusisimua. Kwa mtafiti wa miondoko yana uzito zaidi. Mtoto ambaye ardhi ilimwelemea alijifunza mwendo wake wa kwanza huru katika maji, na alijifunza katika nyumba ambamo mpangilio wa wakati, kwa maana ya kimuziki, ulikuwa kazi ya kila siku. Haiwezekani kuthibitisha kwamba hali hiyo pekee ilimfanya kuwa msanii, lakini inaeleza kwa nini maji hayakuwa kwake mahali pa kushindania kasi tu.

Uwezo wake wa kimashindano haukuwa mdogo. Mwaka 1902 alishinda ubingwa wa wanawake wa New South Wales katika yadi 100 na maili moja, kwa muda wa dakika 1 na sekunde 22, na dakika 33 na sekunde 49. Familia ilipohamia Melbourne, alianza kuonyesha uogeleaji wake kwa malipo, yakiwemo maonyesho mawili kwa siku ndani ya tangi la kioo pamoja na samaki. Mwaka 1903 alishiriki katika tamthilia ya Bland Holt, The Breaking of the Drought, katika ukumbi wa Theatre Royal. Hivyo, alifika jukwaani kabla ya kufika Ulaya, na kabla ya kutimiza miaka 18.

Mwaka 1905 alikwenda Uingereza pamoja na baba yake. Huko aliogelea katika mto Thames na kujaribu kuvuka mlango wa bahari ulio kati ya Uingereza na Ufaransa. Alijaribu mara tatu bila kufanikiwa. Majaribio hayo yalimpa umaarufu magazetini, na umaarufu huo ndio uliomfungulia milango ya kumbi za maonyesho. Ni muhimu kusisitiza mfuatano huu, kwa sababu unaonyesha uchumi wa wakati ule. Mwanamke mwogeleaji hakuwa na Olimpiki ya kushiriki, kwani kuogelea kwa wanawake kuliingizwa katika Olimpiki kwa mara ya kwanza mwaka 1912 mjini Stockholm. Kwa hiyo, ukumbi wa burudani haukuwa anguko kutoka katika mchezo. Ulikuwa njia ya wazi ya kuishi kwa kipaji hicho.

4.0 Tangi la Kioo na Sarufi ya Mwendo

Kellerman hakuwa wa kwanza kuogelea mbele ya watazamaji. Katika miaka ya 1870 na 1880, Agnes Beckwith alikuwa mashuhuri London kwa safari zake katika mto Thames na kwa maonyesho yake ndani ya tangi. New York Hippodrome, uliofunguliwa mwaka 1905, ulikuwa na jukwaa lenye hifadhi kubwa ya maji, na maonyesho yake yaliwahusisha wanawake walioshuka majini na kupotea machoni pa watazamaji. Vyanzo vingi vya historia ya mchezo hutaja onyesho la Kellerman katika ukumbi huo mwaka 1907 kama chimbuko la bale ya majini. Dai la chimbuko moja halina nguvu, kwa kuwa vipengele vyake vilikuwepo kabla. Kilichokuwa kipya kwake ni namna alivyoviunganisha.

Ili kuelewa muungano huo ni lazima kuzingatia chombo chenyewe. Tangi la kioo hugeuza uhusiano kati ya mwili na mtazamaji. Katika bwawa la kawaida, mtazamaji huona kichwa, mikono na povu, na sehemu kubwa ya kazi ya mwogeleaji hufichika. Tangi la kioo hufichua mwili mzima, kuanzia unyayo hadi kidole cha mkono, na hivyo kila mwondoko huwa na thamani ya kuonekana. Mwogeleaji wa mashindano anaweza kuacha mguu ukae vibaya ilimradi anasonga mbele. Msanii wa tangi hawezi.

Vilevile, maji yana masharti yake. Ni mazito kuliko hewa kwa takriban mara 800, hivyo kila tendo hupunguzwa kasi na kulainishwa. Ukinzani huo hufanya mzunguko wa mkono uonekane kana kwamba umerefushwa kwa makusudi. Kwa upande mwingine, uzito wa mwili hupungua, na mchezaji hupata uhuru wa kugeuka kichwa chini miguu juu bila tegemeo, jambo ambalo mcheza bale hawezi kulifanya juu ya sakafu. Lakini uhuru huo una gharama. Mapafu yaliyojaa hewa huuinua mwili, na yaliyopungukiwa huuachia uzame. Pumzi, kwa hiyo, si hitaji la uhai tu bali ni chombo cha kupangia kina cha mwili majini. Urefu wa kifungu cha miondoko huamuliwa na urefu wa pumzi moja, kama vile mshororo wa utenzi unavyodhibitiwa na mizani.

Tatizo kubwa zaidi lilikuwa muziki. Sauti inayopigwa hewani hurudishwa kwa sehemu kubwa na uso wa maji, na vipaza sauti vya chini ya maji havikuwepo katika kumbi za wakati huo. Msanii aliyezama hakuweza kutegemea okestra. Ilimbidi abebe hesabu ya mapigo ndani yake na kuibuka pale muziki ulipofika. Hapo ndipo malezi ya kimuziki yanapopata maana ya kiutendaji.

Kellerman aliongeza dansi ya nchi kavu katika ratiba yake. Mwaka 1911 alionekana katika Undine katika ukumbi wa Winter Garden, New York, onyesho lililochanganya dansi na kupiga mbizi. Katika maonyesho yake ya vodevili, yaani burudani za mchanganyiko zilizosafiri mji hadi mji, alitumia pia bale na kutembea juu ya waya. Ujuzi huo wa waya una uhusiano wa karibu na ule wa ubao wa kurukia. Yote mawili yanadai mhimili wa mwili ulionyooka na macho yanayojua mahali pa kutua. Mbizi yake, kwa mtazamo huu, ilikuwa daraja kati ya dansi na maji. Ilianza kama mkao wa dansi juu ya ubao, ikapita hewani kwa muda mfupi, kisha ikaendelea kama mwendo wa taratibu ndani ya maji. Onyesho lilipata hivyo mwendo wa namna tatu, wa ardhini, hewani na majini, chini ya mwili mmoja uliouunganisha.

5.0 Filamu na Hasara ya Kumbukumbu

Filamu ilimpa Kellerman bahari nzima kuwa jukwaa. Neptune's Daughter (1914), iliyoongozwa na Herbert Brenon, ilipigwa Bermuda. Wakati wa upigaji, tangi la kioo lilipasuka na kuwajeruhi mwongozaji na mwigizaji mkuu. Miaka miwili baadaye, A Daughter of the Gods (1916) ilipigwa Jamaika kwa gharama iliyotangazwa kuwa dola milioni moja, ikiwa na kundi kubwa la wanawake waliovaa mikia ya nguva. Kellerman alibuni mavazi yake mwenyewe ya nguva. Jambo hilo si la mapambo. Mkia huifunga miguu pamoja na kuondoa teke la kawaida, hivyo mwendo wote lazima uanzie kifuani na kiunoni na kushuka kama wimbi. Anayebuni mkia anabuni pia mwondoko utakaowezekana ndani yake.

Ajali ya Bermuda inakumbusha kwamba sanaa hii ilifanywa kwa hatari halisi ya mwili. Hata hivyo, hatari kubwa kwa historia yake ilikuwa nyingine. A Daughter of the Gods imepotea. Neptune's Daughter imebaki kwa vipande. Venus of the South Seas (1924), iliyopigwa New Zealand, ndiyo filamu yake ndefu pekee inayojulikana kubaki ikiwa kamili. Mavazi na kumbukumbu zake za jukwaani zilihifadhiwa nchini Australia, lakini vazi halina mwendo. Mtafiti anayeingia katika makavazi hukuta ganda la kazi, huku kazi yenyewe ikiwa imekwenda na maji.

6.0 Vazi Lililomfunika Mvaaji

Kisa kinachosimuliwa zaidi kuhusu Kellerman ni kwamba alikamatwa katika ufukwe wa Revere, karibu na Boston, kwa kuvaa vazi la kipande kimoja lililobana mwili. Mwaka unaotajwa hutofautiana kati ya 1907 na 1908, na simulizi yenyewe hutegemea zaidi maelezo yaliyotolewa miaka mingi baadaye, yakiwemo yake mwenyewe. Uangalifu wa kihistoria unadai kisa hicho kitajwe kama simulizi hadi ushahidi wa wakati ule utakapokithibitisha.

Lakini hata simulizi isiyothibitishwa ina historia yake. Yafaa kuuliza kwa nini hii ndiyo iliyodumu. Jibu linaonekana katika namna magazeti yalivyomtazama. Dkt. Dudley Sargent wa Harvard alilinganisha vipimo vya mwili wake na vya sanamu ya Venus de Milo, na jina la "mwanamke mkamilifu" likashikamana naye. Vipimo vya kifua na kiuno vilichapishwa kuliko maelezo ya alichokifanya jukwaani. Vazi na vipimo ni mambo yanayoandikika kwa urahisi, ilhali mfuatano wa miondoko hauandikiki hivyo. Kwa namna hii mwili wake ukawa habari, na akili iliyoupanga mwili huo ikaachwa nje.

Yeye mwenyewe alichangia hali hiyo kwa kiasi fulani. Vitabu vyake viwili vya mwaka 1918, How to Swim na Physical Beauty: How to Keep It, vinamfundisha msomaji wa kawaida kuogelea na kutunza afya. Havihifadhi maonyesho yake kwa namna ambayo mwingine angeweza kuyarudia. Alirithisha uwezo wa kuogelea kwa wanawake wengi, lakini hakurithisha utunzi wake.

7.0 Curtis na Kuandikwa kwa Miondoko

Hapa ulinganisho na Katharine Whitney Curtis ni wa lazima. Curtis, mwalimu wa mazoezi ya viungo, alianzisha klabu ya bale ya majini katika Chuo Kikuu cha Chicago mwaka 1923. Katika maonyesho ya kimataifa ya Chicago ya 1933–1934, waogeleaji wake walitumbuiza kwa jina la Modern Mermaids, na mtangazaji Norman Ross, bingwa wa kuogelea wa Olimpiki ya 1920, akaueleza uogeleaji wao kuwa wa pamoja unaooanishwa. Jina hilo lilishika hadi mwaka 2017, mchezo ulipobadilishwa jina kuwa kuogelea kwa sanaa.

Mwaka 1936 Curtis alichapisha kitabu kuhusu maonyesho ya majini, na cha pili, Rhythmic Swimming, kilifuata katika miaka ya 1940. Tofauti na vitabu vya Kellerman, hivi viliigawa miondoko katika vipande vyenye majina, vinavyoweza kufundishwa na kuunganishwa upya. Kipande chenye jina kinaweza kulinganishwa, kinacholinganishwa kinaweza kupewa alama, na chenye alama kinaweza kushindaniwa. Hivyo ndivyo sanaa ya majini ilivyopata mlango wa kuingilia katika michezo. Kanuni zilizoanza kutumika mwaka 2023, ambapo timu hutangaza mapema ugumu wa kila kipengele na waamuzi huukagua, ni hatua ya mbali ya njia hiyohiyo.

Faida ya njia hiyo ni dhahiri, nayo ni kwamba fani ilidumu. Hasara yake ni kwamba kilichokuwa vigumu kuhesabiwa, kama vile uhusiano wa dansi ya nchi kavu na maji, kilipungua thamani. Kellerman alianza onyesho juu ya jukwaa kavu na kulimaliza majini. Mchezo ulioanza baada yake unaruhusu miondoko ya nchi kavu kwa sekunde chache tu kabla ya kuingia bwawani.

8.0 Mwaka 1952

Mwaka 1952, mwaka uleule wa maonyesho ya Helsinki, kampuni ya MGM ilitoa filamu Million Dollar Mermaid kuhusu maisha ya Kellerman. Mwigizaji mkuu alikuwa Esther Williams, mwogeleaji ambaye nafasi yake ya kushiriki Olimpiki ya 1940 ilipotea baada ya michezo hiyo kufutwa kwa sababu ya vita. Maonyesho makubwa ya majini katika filamu hiyo yalipangwa na Busby Berkeley. Williams alivunjika mifupa ya shingo alipopiga mbizi kutoka juu akiwa amevaa taji la chuma.

Filamu hiyo ilimrudishia Kellerman jina na kumnyang'anya kazi kwa wakati mmoja. Watazamaji walioona bale ya majini iliyohusishwa na maisha yake waliona kwa kweli utunzi wa Berkeley, mtu ambaye kipaji chake kilikuwa kupanga makundi mbele ya kamera. Picha hiyo ndiyo iliyobaki katika fikra za umma, na ndiyo inayorudiwa kila bale ya majini inapotajwa. Mtunzi wa asili akawa mhusika ndani ya utunzi wa mwingine.

9.0 Hitimisho

Makala haya yamejenga hoja kwamba Kellerman alikuwa mbunifu wa miondoko kwa maana kamili. Alichagua miondoko, akaipanga kwa kufuata pumzi, kina na mapigo ya muziki, na kuiunganisha na dansi ya nchi kavu kupitia mbizi. Sababu za kutorithishwa kwa kazi hiyo ni tatu, nazo zinashikamana. Filamu zake nyingi zilipotea. Magazeti yaliandika mwili na vazi badala ya utunzi. Naye mwenyewe hakuacha maandishi ya kuwezesha maonyesho yake yarudiwe.

Mwaka 1974 aliingizwa katika orodha ya watu mashuhuri wa kuogelea duniani mjini Fort Lauderdale. Alifariki Queensland mwaka uliofuata, na majivu yake yakamwagwa katika Great Barrier Reef. Katika eneo la Sydney, kituo cha mabwawa ya kuogelea kina jina lake. Heshima zote hizo ni za mwogeleaji. Historia ya dansi bado haijadai sehemu yake.

Kwa watafiti wa sanaa za maonyesho katika Afrika Mashariki, kisa hiki kina funzo la kimbinu. Ngoma nyingi za eneo hili hurithishwa kwa mwili, bila maandishi, na huwa salama mradi kuna anayefundisha na anayefundishwa. Mnyororo huo ukikatika, picha na mavazi havitoshi kuzirejesha, kama mkia wa nguva uliohifadhiwa usivyoweza kueleza namna ulivyopigwa majini. Kazi ya kwanza ya mtafiti, basi, ni kuuliza mwendo ulivyofanywa na uliamuliwa na nani, wakati wenye kuujua bado wangali hai kujibu.